Aliyekohoa Kwenye Tepu

Kabla hujawasha mashine yoyote ya kupimia watu, tazama kwanza nani yuko chumbani. Wahesabu wote, hata yule aliyekaa kwenye kona akijifanya hayupo. Nawaambia hili mwanzoni kabisa, nyinyi vijana mnaoingia kazi ya vipimo hospitalini, kwa sababu najua wengine mtaishia ukurasa wa kwanza. Mkiishia hapa mtakuwa mmebeba nusu ya yote niliyojifunza. Nusu ya pili inataka uvumilivu, maana ndani yake kuna mama mmoja, baba mkwe wake, na siku tatu ambazo chakula hakikunipita kooni.

Nilifanya kazi katika hospitali moja ya milimani, upande wa Lushoto, tangu miaka michache baada ya Uhuru hadi Ujamaa ulipokuwa umekolea. Nilianzia chumba cha giza, nikisafisha filamu za eksirei. Watu waliniita Elia wa Picha. Nilikuwa na darasa la nane, mikono isiyotetemeka, na pua iliyokwisha kuzoea harufu ya dawa ya filamu kiasi kwamba mke wangu alisema hata mchicha anaopika unanukia kazini kwangu.

Dokta Hoza alitukuta hapo. Alikuwa Msambaa mwenzetu, aliyekwenda kusoma ng'ambo akarudi na masanduku mawili ya vyombo na suti moja. Alikuwa Dokta, lakini hakuwa daktari wa kutibu. Hilo lilimpa shida kuanzia asubuhi ya kwanza. Mzee mmoja alimvulia shati pale barazani akamwonyesha jipu mgongoni. Dokta akamweleza kwa adabu kwamba yeye ni dokta wa fizikia. Mzee akafikiri kidogo, akauliza, "Hiyo fizikia iko upande gani wa mwili? Isije ikawa ndiyo inayoniuma."

Dokta alicheka mpaka akashika nguzo. Kisha akampeleka yule mzee mwenyewe kwa mganga wa majipu, akasubiri mpaka akahudumiwa. Alikuwa mtu wa namna hiyo.

Mimi aliniambia fizikia ya hospitali ni kazi ya kujua kiasi. Mionzi kiasi gani imeingia, mwanga kiasi gani, sauti kiasi gani. Daktari anauliza mgonjwa anaumwa nini; sisi tunauliza ni kiasi gani, na tumejuaje. Hilo "tumejuaje" alilisema mara nyingi mpaka likawa kama chumvi kwenye kila mazungumzo yetu.

Somo lake la kwanza lilinitia hofu ambayo haijanitoka sawasawa hadi leo. Alichukua vipande vidogo vya filamu, akavifunga ndani ya karatasi nyeusi, kisha akavibandika kwenye kuta zinazozunguka chumba cha eksirei. Kati ya ukuta na kila filamu aliweka ufunguo. Kimoja alikibandika nyuma ya kigoda changu, pale nilipokuwa nikikaa mchana kula viazi vyangu kwa sababu ukuta ule ulikuwa unapata joto la jua. Vikakaa wiki mbili. Siku ya kuvisafisha alinipa nivisafishe mwenyewe.

Filamu nyingi zilitoka safi, hazina kitu. Ile ya kigodani kwangu ilitoka nyeusi, na katikati ya weusi kulikuwa na ufunguo mweupe, meno yake yote yakihesabika.

Sikuhitaji kuelezwa. Mionzi ilikuwa ikipenya matofali yale na kunikuta nikimenya viazi. Nilimwuliza kama nitaugua. Yeyote mwingine angenipiga bega na kusema usijali. Dokta Hoza alikaa kwenye kigoda kilekile, akapiga hesabu zake kwenye kipande cha karatasi, ndipo akanijibu.

"Ulichopata si kingi, Elia. Hilo nalijua, na hesabu yake ni hii hapa. Kwamba hutaugua kamwe, hilo silijui. Nikikwambia nalijua nitakuwa nakudanganya."

Kigoda kilihama siku ileile. Tukapanga magunia ya mchanga ukutani mpaka bamba la madini ya risasi, lile linalozuia mionzi, lilipofika kutoka Tanga, na hilo lilichukua muda, maana vitu vyote miaka hiyo vilichukua muda. Lakini nilijifunza mambo mawili. Kwamba kitu usichokiona wala kukisikia kinaweza kukufikia pale unapojiona salama zaidi. Na kwamba mtu anayekubali kusema "sijui" ndiye wa kumwamini anaposema "najua". Yashikeni yote mawili, mtayaona yakirudi.

Sasa niwaeleze habari ya sauti, kwa sababu ndiyo aliyoipenda Dokta kuliko mionzi.

Ndani ya koo, ukipapasa hapa mbele penye kifundo, kuna nyuzi mbili za nyama, fupi kuliko kucha. Ukinyamaza zinaachana, hewa inapita. Ukisema, zinakutana na kuachana, zinakutana na kuachana, mamia ya mara kwa kila sekunde. Nyuzi zenye afya hupiga kwa mpangilio, kama wakulima wanaolima kwa wimbo mmoja, majembe yote chini, majembe yote juu. Uzi mmoja ukivimba, unachelewa. Jembe lake linashuka wenzake wakiwa wamekwisha inua. Sikio linasikia mkwaruzo tu. Dokta alitaka kuona kila jembe.

Tulikuwa na tepu rekoda ya betri, nzito kama debe la mahindi. Mgonjwa anasema "aaa" kwa pumzi moja, tunamnasa. Kisha Dokta anaipitisha sauti ile kwenye mashine yenye kioo cha duara cha kijani, mstari wa mwanga unacheza juu yake kama nyoka, na kamera inapiga picha. Picha nasafisha mimi. Halafu nakaa na rula na kioo cha kukuzia, napima umbali kutoka wimbi hadi wimbi, mamia kwa mamia, mpaka macho yanatoa machozi. Mawimbi yakiwa na umbali uleule, koo ni zima. Yakipishapishana, kuna kitu.

Wakati huo kulikuwa na sababu ya haraka. Kampeni ya elimu ya watu wazima ilikuwa imepamba moto. Kila kijiji kilikuwa na darasa, na madarasa mengi yalikuwa nje, upepo ukipuliza, mwalimu mmoja mbele ya watu wazima mia na watoto wao mgongoni. Walimu wakaanza kupoteza sauti. Wengi walihitaji mapumziko tu. Lakini mmoja kati ya wengi angeweza kuwa na uvimbe ule mbaya, na daktari bingwa wa koo alikuwa Dar es Salaam, akipanda huku milimani kwa nadra. Dokta Hoza alitaka kutengeneza njia ya kumfuatilia mwalimu kwa sauti yake, hukuhuku, ili anayepaswa kwenda aende mapema na asiyepaswa asisumbuliwe.

Si wote walioiona maana yake. Katibu mmoja wa chama alikuja kutukagua, akaiangalia tepu rekoda kama anayetazama mbuzi mgonjwa. Akasema taifa linahitaji mahindi na kahawa, yeye haelewi Ndugu Dokta anavuna sauti za nini. Alisema kwa ukali, lakini alisema kwa sauti iliyokauka, maana alikuwa ametoka kuhutubia vijiji vinne.

"Ndugu Katibu," Dokta akamwuliza, "hilo koo umeliacha mkutano wa wapi?"

Katibu akajishika shingo. Dakika kumi baadaye alikuwa kwenye kiti, akisema "aaa" mbele ya mashine kama mtoto wa shule. Tangu siku hiyo hatukukosa betri.

Tulikuwa na taratibu, na mimi ndiye niliyekuwa mlinzi wake. Kabla ya kila sauti, unagonga uma wa sauti, kile chuma chenye meno mawili ambacho walimu wa kwaya hukitumia kuanzishia nyimbo. Chuma hakiugui mafua. Mlio wake ukipanda au kushuka kwenye tepu, ujue tepu inakwenda vibaya, si koo. Mdomo wa mgonjwa uwe shibiri mbili kutoka kwenye maikrofoni. Dirisha lifungwe. Betri zipimwe. Na yote yaandikwe kwenye daftari ambalo Dokta alilichora safu mwenyewe: jina, siku, betri, umbali, mvua au jua. Nililipenda daftari lile. Niliamini kwamba kila kitu kinachoweza kuharibu kipimo kilikuwa na safu yake humo.

Mama Zawadi alikuwa mwalimu wa elimu ya watu wazima katika kijiji cha ng'ambo ya bonde, ukisimama kwenye dirisha la maabara unakiona. Mume wake alikuwa Kwamkoro, fundi wa mitambo ya chai, anarudi nyumbani mara moja moja. Yeye aliishi na wakwe. Sauti yake ilikuwa imekwaruza kwa miezi mitatu. Daktari wa koo alipopanda mlimani alimtazama kwa kile kioo kidogo chenye mpini, akaona uvimbe kwenye uzi mmoja, lakini hakuweza kusema ni uvimbe gani. Akamwachia Dokta Hoza maagizo: mpime leo, mpime tena baada ya wiki tano. Sauti ikibaki vilevile au ikipata nafuu, apumzike, nitamwona nikirudi. Ikizidi kuharibika, mlete Dar haraka, tukate na tuchome kwa mionzi.

Kipimo cha kwanza alikuja peke yake, chaki bado mkononi. Alisema "aaa" kwa sekunde kumi na nne. Mawimbi yalipishana kidogo.

Kipimo cha pili ilikuwa Jumanne ya mvua. Nilinasa, nikasafisha, nikapima. Sauti ilikuwa ndogo, hewa nyingi, sekunde saba tu, na mawimbi yalikuwa yakiyumba kama mlevi anayepanda mlima. Nilipima tena. Yaleyale. Nilimpelekea Dokta, akayatazama, kisha akavua miwani akaifuta muda mrefu kuliko ilivyohitaji. Alasiri ile aliandika barua ya kumpeleka Dar. Basi lilikuwa linaondoka Ijumaa alfajiri.

Jumatano Mama Zawadi alikuja kuchukua barua. Dokta alimweleza kila kitu bila kuficha. Alipotoka alinikuta barazani.

"Kaka Elia, wakishanichoma huku kooni, nitafundisha na nini?"

Nikasema wapo wanaopona na sauti yao. Nilikuwa nimesikia hivyo.

"Wewe ndiye uliyepima," akasema. "Una hakika?"

Nikasema ndiyo.

Akainamisha kichwa, akanishukuru, akashuka na njia yake. Mimi nikabaki na lile neno mdomoni. Nilikuwa na hakika na rula. Nilikuwa na hakika na betri, na uma, na dirisha. Na koo lenyewe? Tumejuaje, Elia? Nikarudi maabara, nikaitoa tepu, nikavaa vile visikilizio vya masikioni, na kwa mara ya kwanza nikaisikiliza. Vijana, sikilizeni hapa: nilikuwa nimeipima sauti ile mawimbi mia mbili na zaidi, na sikuwa nimeisikiliza hata mara moja.

Uma ukalia, sawa. Sauti yangu ikasema anza. "Aaa" ndogo, kama ya mtu anayeomba radhi. Kisha, pale pumzi ilipokatika, mtu akakohoa. Kikohozi cha mzee, kizito, na baada yake fimbo ikagusa sakafu.

Mzee Yona.

Nikakumbuka yote. Njia ilikuwa inateleza kwa mvua, kwa hiyo baba mkwe wake alimsindikiza. Nilimwamkia shikamoo mlangoni, nikampa benchi la kwenye kona, akaweka kofia magotini. Na mimi, Msambaa niliyelelewa na mama aliyekuwa akinong'ona kila babu alipopita uani, nikamwambia mkamwana atoe sauti yake yote mbele ya mkwe wake. Hakuna mwanamke wa milima hii, wa enzi zile, ambaye angefanya hivyo. Heshima ilikuwa imemkaba koo kabla ya ugonjwa. Hakukosea yeye. Alifanya alivyofundishwa tangu utotoni, na mimi nikaenda nikaipima heshima yake kwa rula nikaiita uvimbe.

Au sivyo. Hapo ndipo hofu iliponipata barabara. Huenda uvimbe kweli ulikuwa umekua, na Mzee Yona alikohoa tu. Nikinyamaza, mama huyu atakatwa na kuchomwa koo pengine bure. Nikisema, basi litaondoka bila yeye, na ikiwa ni ule uvimbe mbaya, mimi ndiye nitakayekuwa nimemzuia. Nilikwenda nyumbani. Mke wangu akaniuliza nani amekufa. Nikasema hajafa mtu. Akaniuliza mbona basi nimeshika kijiko kichwa chini.

Nilipaswa kumwendea Dokta jioni ileile. Sikwenda. Niliona haya, na hayo masaa niliyoyapoteza ndiyo ninayoyajutia zaidi kuliko kosa lenyewe. Kosa hutokea. Kulificha ni jambo la kuchagua.

Alhamisi asubuhi nilimkuta akichemsha chai. Nikamweleza nikiwa nimesimama. Hakunikatiza. Nilipomaliza akaniuliza nimemwambia nani mwingine. Nikasema hakuna.

"Basi tulikuwa na vipimo viwili," akasema, "na sasa tuna kimoja. Daftari nililichora mimi, Elia. Sikuweka safu ya mkwe." Akamimina chai, hakuinywa. "Mwite. Tupime tena leo. Na mzee asiwepo."

Rahisi kusema. Niliposhuka na kupanda kwenda kwa akina Mama Zawadi, nilikuta Mzee Yona amekwisha vaa koti la kanisani, yuko tayari kumsindikiza mkamwana wake hospitali, Tanga, Dar, popote. Utamwambiaje mzee wa kanisa kwamba hatakiwi chumbani? Njia nzima nilikuwa nikijaribu uongo. Chumba kidogo. Mashine ina mionzi. Nilipofika mbele yake uongo wote ukanikimbia. Nikamwamkia, akaitikia marahaba, nikamweleza kweli, vile nilivyowaeleza nyinyi: nyuzi mbili, majembe, kikohozi.

Akaegemeza fimbo yake ukutani.

"Kwa hiyo mimi ndiye niliyemfunga koo," akasema.

"Si wewe, Baba. Ni mimi niliyekuweka pale."

"Nikikaa barazani atajua nipo." Alikuwa anafikiri kwa sauti. "Nikibaki hapa nyumbani atadhani nimekuja nyuma yake. Hapana. Aende na wewe. Mimi nitapanda pale kwenye jiwe, juu ya shamba lake, mahali mnapopaona kutoka dirishani kwenu. Nitafungua mwavuli. Akiuona mwavuli atajua niko ng'ambo, bonde zima liko kati yetu. Halafu mwambie atoe sauti aliyopewa na Mungu."

Tukatangulia. Njiani sikutaka Mama Zawadi aseme, nilikuwa nahesabu hata pumzi zake. Maabara tulisimama dirishani, watu watatu, tukitazama mlima wa pili. Ukungu ulikuwa umeshuka. Jiwe likaonekana, likapotea, likaonekana. Uma ulikuwa mkononi mwangu na ulikuwa umelowa jasho. Dokta alitazama saa yake, kisha akaigeuza asiione tena. Nilianza kufikiri mzee ameteleza. Nilianza kufikiri amebadili nia.

Kisha kitu cheusi kikafunguka juu ya jiwe, kidogo kama uyoga.

Mama Zawadi aliutazama mwavuli ule kwa muda. Akakaa kwenye kiti. Alinyoosha mgongo, na naapa sikuwa nimemwona akiunyoosha siku ya Jumanne. Nikagonga uma. Nikasema anza.

Sekunde kumi na tano. Ilikwaruza, ndiyo, lakini ilikuwa sauti ya mwalimu, sauti inayomfikia aliyekaa mstari wa mwisho. Niliinasa mara tatu, na safari hii niliisikiliza mara tatu kabla ya kuipima. Kisha nikaingia chumba cha giza. Filamu zilipokauka nikapima mpaka saa kumi na moja jioni, na Dokta akapima zilezile bila kutazama hesabu zangu. Tulipolinganisha, mawimbi yalikuwa kama ya wiki tano zilizopita. Hayakuwa yamezidi kuyumba. Kidogo yalikuwa yamenyooka.

Msidhani tulifurahi. Dokta alichukua kalamu kuandika kwamba haendi Dar, kalamu ikasimama. Kipimo kinasema hajazidiwa. Hakisemi hana ugonjwa. Aliandika hivyohivyo, maneno hayo, akatia sahihi, kisha akanigeuzia karatasi.

"Aliyepima atie sahihi pia."

Sijawahi kuandika jina langu taratibu namna ile.

Basi liliondoka Ijumaa bila yeye. Mama Zawadi alipewa amri moja: anyamaze mpaka daktari wa koo atakapopanda tena. Hata asinong'one, maana kunong'ona kunachosha nyuzi vilevile. Wanafunzi wake je? Mtihani wa kusoma ulikuwa unakaribia. Hapo Mzee Yona akafanya jambo ambalo kijiji kilizungumza mwaka mzima. Alikwenda darasani na koti lake la kanisani, akasimama kando ya ubao. Mama Zawadi anaandika, mzee anasoma kwa sauti ya mahubiri, "Ba, be, bi, bo, bu," na darasa linaitikia. Akikosea, mkamwana anamgonga begani kwa chaki. Wapo waliosema dunia imepinduka, mkwe anaamrishwa na mkamwana. Mzee akawajibu kwamba yeye amekuwa tepu rekoda, na tepu rekoda haina ukoo.

Mimi nilikuwa nikiwasikia kutoka dirishani. Kila asubuhi nilipoingia kazini nilifungua dirisha kabla ya kuvua koti. Siku moja sauti ya mzee haikuja. Nikaacha filamu ndani ya dawa, nikashuka bonde mbio, nikapanda upande wa pili kifua kikiwaka, nikijua kabisa kwamba Mama Zawadi amezidiwa na mimi ndiye niliyetia sahihi. Nikawakuta wote wawili shambani wanachuma maharage. Ilikuwa siku ya mapumziko. Mama Zawadi hakuruhusiwa kucheka, kwa hiyo alicheka kwa mabega. Filamu za watu wanne ziliharibika siku hiyo, na Dokta hakunikaripia kama nilivyostahili.

Yeye naye alikuwa na mzigo wake. Alirudi nyuma akasikiliza tepu zote za mwaka ule, moja baada ya nyingine. Kwenye nyingi alisikia vikohozi, viti vikisogezwa, mama mkwe akisema kitu kwa Kisambaa. Vijana walionaswa mbele ya baba zao. Mwalimu aliyenaswa mbele ya yule Katibu. Sauti zote hizo tulikuwa tumeziandika dhaifu. Alizifuta kwenye hesabu yake, kazi ya miezi mingi, akaanza upya. Nilipomwonea huruma alisema sasa ndipo kazi imeanza kuwa na faida, maana mwenzake wa ng'ambo mwenye mashine kubwa kuliko yetu asingeweza kuijua habari hii ya mkwe. Baadaye aliiandika, na walimu wengi wa milima hii walifuatiliwa kwa njia yake bila kupanda basi. Lakini kabla ya kuandika chochote alichukua rula, akachora safu mpya kwenye daftari, akaniambia niipe jina. Nikaandika: Waliokuwepo chumbani.

Daktari wa koo alipanda baada ya mvua kukatika. Alimkalisha Mama Zawadi karibu na dirisha, akaingiza kile kioo, akatazama. Akakitoa, akakipasha moto tena kwenye taa ya spiriti kisishike ukungu wa pumzi, akatazama mara ya pili. Mimi nilikuwa nimeegemea ukuta ule wa magunia ya mchanga, nikijificha nisijue nini. Akasema uvimbe umepungua sana, ni vinundu vinavyotokana na kupaza sauti, si ule uvimbe mbaya, na amri yake ilikuwa aendelee kupumzika na aanze kusema kidogo kidogo.

Mtaniuliza, je, hofu iliniisha? Haikuisha. Ilipungua ukali, ikageuka kuwa tabia. Mpaka nastaafu sikuwahi kupima sauti bila kuisikiliza, wala kumkalisha mtu kwenye kona bila kuliandika jina lake. Nanyi mkiona mkono unasita kabla ya kutia sahihi, msiuonee haya. Uachie usite, ukarudie kipimo.

Miezi kadhaa baada ya daktari yule kushuka, nilikuwa natoka kazini, mke wangu amenipitia, jua bado lipo, tunapita njia ya chini inayokwenda upande wa Irente. Mzee Yona alikuwa shambani kwake, mbali, ameinama kwenye viazi. Kutoka ng'ambo ya bonde ikaja sauti ya mwanamke. Mkamwana hamwiti baba mkwe kwa kelele, nimekwisha waambia. Hii ilimwita.

"Tateee."

Hivyo ndivyo tunavyomwita baba kwetu. Ilivuka bonde zima bila kukwaruza, ikagonga mwamba, ikarudi, na ile ya pili ikaikuta njiani. Mzee Yona akanyanyua jembe juu kuonyesha amesikia. Mimi nilikuwa nimekwisha inua mkono kutazama saa, mazoea ya kazi. Mke wangu akaniuliza ni sekunde ngapi.

Nikamwambia nimesahau kuhesabu.